Ukuta wa Mbele ni Wetu

Jumatatu, 6 Desemba

Mtaalamu wa majengo amefika. Kijana tu, viatu vya mpira, kamba yenye kipande cha chuma mwishoni anayoiita timazi. Atakaa kwa Mwalimu Mkuu wiki hii, aliangalie jengo la zamani la shule yetu. Libaki au libomolewe.

Likibomolewa, darasa la kwanza litahamia shule ya ng'ambo ya barabara kuu mpaka jipya likamilike. Na jipya kukamilika ni siku kuku atakapoota meno.

Mwanangu Kidonge anaanza darasa la kwanza Januari. Barabara kuu ina malori ya kokoto. Nimemjaribisha sare leo: ukimtazama kwa mbali utadhani sare inatembea yenyewe. Dereva gani atamwona?

Wifi yangu, dada wa mume wangu, yuko kamati ya shule na anataka libomolewe. Mume wake ni fundi ujenzi. Sisemi zaidi. Ameniambia nisiwe na wasiwasi, kutembea kunakuza mtoto miguu. Nikamwambia ahsante wifi. Rohoni nikasema mengine.

Kweli jengo lenyewe ni kituko. Nilisoma humo hadi darasa la sita na sikuwahi kuona madirisha mawili yanayolingana. Moja liko kifuani, la pili gotini, la tatu juu kama la jela. Nguzo za baraza, hii ya duara, ile ya pembe nne. Mlango uko kwenye kona kabisa, kama mtu aliyechelewa kikao.

Lakini jioni, nikijifanya nachuma mchicha kwenye bustani ya shule, nimemsikia Mtaalamu akimwambia Mwalimu Mkuu kwamba jengo la kale halibomolewi ovyo. La kale lina heshima yake.

Basi. Wanataka la kale, watapata la kale.

Jumanne, 7 Desemba

Nimechanganya masizi ya sufuria, majivu na maji, ndoo nzima. Alfajiri, kabla ya watu, nikaupaka ukuta wa mbele kuanzia chini. Kazi safi. Kwa macho yangu jengo liliongezeka miaka hamsini.

Kidonge aliniuliza kwa nini tunaichafua shule. Nikamwambia hatuichafui, tunaizeesha. Akafikiri. Akauliza kama bibi naye alipakwa.

Alasiri Mtaalamu amegusa ukuta. Kidole kikarudi cheusi na kimelowa. Hakusema la kale wala la heshima. Alisema unyevu unapanda kutoka kwenye msingi, na hiyo ni dalili mbaya sana. Wifi alikuwepo. Alisikitika meno yote nje.

Nimelala na hasira. Siyo kwa Mtaalamu. Kwa masizi.

Jumatano, 8 Desemba

Unyevu dawa yake ni moto, hata mtoto anajua. Nimepeleka majiko mawili ya mkaa ndani ya darasa, nikayaweka chini ya ukuta, nikafunga madirisha yote ili joto lisipotee. Nikarudi nyumbani kutazama sufuria yangu.

Mkaa ulikuwa mbichi.

Mlinzi aliona moshi ukitoka kwenye mabati akagonga kengele, ile rimu ya lori iliyoning'inia barazani. Kijiji kizima kikaja na ndoo. Nilipofika, ningefanya nini? Ukisimama mikono mitupu unaulizwa. Nikachukua ndoo na mimi, nikamwaga. Watu wamenisifu kwa shabaha.

Ukuta sasa umelowa hadi kwenye lenta, karibu na paa.

Mtaalamu ameyatoa majiko nje, ameyaweka barazani, ameuliza ni ya nani. Kidonge akasema lile la mguu mmoja ni la mama, na lile jingine pia, ila lile la mguu mmoja ndilo analolipenda.

Nilisema nilikuwa nawakinga watoto na baridi ya kifua. Wifi akasema kwa sauti ya huruma kwamba watu wengine huzaliwa na bahati mbaya, wengine huitafuta na majiko.

Baba Kidonge hakunigombeza. Ameuliza tu maji ya kuoga yatachemshiwa wapi. Mume huyu nilipewa na Mungu, sikumstahili.

Ijumaa, 10 Desemba

Jana nilijificha. Leo nimepata akili.

Kosa langu lilikuwa kulizeesha jengo kwa mikono. Jengo linazeeshwa kwa mdomo! Likiwa na historia nzito, nani atathubutu kulinyanyulia sururu?

Nimemkuta Mtaalamu akipima baraza. Nikamsalimu kwa adabu, nikamwambia yeye ni mgeni hajui, ila ukuta huu wa mbele, kona hadi kona, ulijengwa na mtu mmoja. Marehemu baba mkwe wangu. Peke yake, wenzake wamelala. Mtaalamu akachomoa kalamu. Nilipoona kalamu, ulimi ukaota mbawa. Nikasema mawe ya msingi aliyabeba mgongoni kutoka mlimani.

Mtaalamu akatazama kushoto, akatazama kulia. Kwetu ni tambarare. Nikamwambia mlima ulikuwa mbali.

Akauliza kama yuko mzee yeyote aliyeshuhudia ujenzi. Nikasema kwa masikitiko wote wametangulia mbele ya haki.

Hapo hapo mama mkwe wangu akapita na mzigo wa kuni, akatusalimu, akauliza kama nyumbani kuna chumvi.

Jumamosi, 11 Desemba

Mtaalamu amekuja nyumbani mwenyewe kumwona mama mkwe. Nimewapa chai, nikakaa karibu, nikimkonyeza mama mkwe hadi jicho likaniuma. Aliniuliza mbele ya mgeni kama nimeingiwa na mdudu.

Akaeleza habari ya ujenzi. Nilikuwa sijawahi kuisikia, naandika nisiisahau.

Alikuwa msichana wakati huo. Kijiji hakikuwa na shule. Wakaleta fundi, akachimba msingi, akaugua, akarudi kwao na futi yake ya kupimia. Wazee wakasema hatutaki kuaibika, tutaendelea wenyewe. Kila nyumba ifyatue matofali yake na ijenge dhiraa kumi za ukuta. Lakini dhiraa ni kiwiko hadi ncha ya kidole, na kila mzee alitumia mkono wake. Wakaanzia kwenye kona moja, wakalizunguka jengo zima wakitarajia kukutana pale pale. Hawakukutana. Kijiji chetu wafupi walikuwa wengi.

Likabaki pengo. Wakagombana kutwa, nani kapunja. Akapita mwanamke ana mzigo wa nyasi kichwani, hana habari na ugomvi wao, akakatiza kwenye lile pengo. Wakatazamana. Wakasema basi, huo ndio mlango. Pa mlango penyewe, katikati, palikuwa pameshazibwa, kwa sababu mwenye sehemu hiyo alikataa kuonekana amejenga kidogo kuliko wenzake.

Na madirisha? Kila baba aliliweka usawa wa kifua chake, ili akipita aegemee na amwone mwanawe anasoma.

Mtaalamu aliacha chai ikapoa. Halafu, bila haya, akamuuliza mama mkwe: kama ukuta wa mbele aliujenga marehemu peke yake, mbona madirisha yake yanapanda na kushuka? Marehemu alikuwa akirefuka na kufupika?

Nilitamani ardhi inimeze. Mama mkwe alinigeukia taratibu. Akanywa chai. Akasema, "Mkaza mwanangu ndiye mwenye kusoma. Akisema ukuta wa mbele ni wetu, basi ni wetu."

Ameniokoa. Nimemwombea maisha marefu, na nimemwekea mnofu mkubwa kwenye sahani.

Jumatatu, 13 Desemba

Mkutano chini ya baraza. Kidonge alinilalia mapajani, akasinzia, hana habari kwamba miguu yake ndiyo inayojadiliwa.

Mtaalamu akasimama. Amesema msingi ni mzima, unyevu ule ulikuwa wa ndoo tu, kuta ni nene, na katika kazi yake yote hajawahi kukutana na jengo lililopimwa kwa mikono ya kila mtu. Kulibomoa ni dhambi. Libaki.

Nilipiga kigelegele hadi Kidonge akaamka analia. Wifi alitazama ardhi. Mume wake alikuwa anakunja mchoro wa jengo jipya polepole.

Mtaalamu akasema bado hajamaliza. Ukuta wa mbele umechoka: lipu imebanduka, fremu zimeliwa na mchwa, nguzo mbili zimepinda. Urekebishwe kabla shule haijafunguliwa, la sivyo darasa la kwanza litavuka barabara. Na kwa kuwa kila nyumba ilijenga sehemu yake, kila nyumba itarekebisha sehemu yake.

Nikaona ni haki. Nikapiga makofi.

Akasimama kijana wa ile nyumba ya warefu, wenye dirisha la jela. Akasema kwa unyenyekevu kwamba wao hawana sehemu mbele, kwani inajulikana ukuta huo aliujenga marehemu fulani peke yake. Akasimama mama wa dirisha la gotini. Akaapa kwa wazazi wake kwamba tangu utoto amekuwa akisikia hivyo hivyo. Akasimama wa nguzo ya duara. Akasimama wa nguzo ya pembe nne. Nyumba zote za mbele zilisimama, moja moja, kulitetea jina la baba mkwe wangu. Mmoja alifika hadi mlimani.

Nikamtazama mama mkwe anikomboe. Alikuwa anachambua mboga. Akasema bila kuinua kichwa, "Si nilikwambia ni wetu?"

Wifi akacheka mpaka akashika mbavu. Akaja kunipa mkono. Hongera wifi, akasema, urithi mkubwa huo.

Mama mkwe akamuuliza anampongeza nani. Marehemu alikuwa baba wa nani? Kwani yeye aliokotwa? Na huyo mkwe wetu fundi, ana kazi gani Desemba hii, maana mchoro naona ameshaukunja.

Hapo ndipo mimi nilipocheka.

Jumanne, 21 Desemba

Sina ngozi mikononi. Tunachekecha mchanga, tunakoroga udongo na saruji, tunapandisha. Baba Kidonge akitoka kazini anakuja moja kwa moja na ndoo. Wifi na mimi tuko jukwaa moja. Hatusemezani, isipokuwa kuambiana sogea.

Mume wa wifi ametaka kuyalinganisha madirisha yote kwa pima maji. Mtaalamu alikuwa amepita kutukagua. Alikimbia akaishika ile pima maji kama mtu anayemnyang'anya mtoto kisu. Amesema yabaki yalivyo, yote, hata la jela. Fundi wa watu alipaka lipu siku nzima akinung'unika kwamba anaharibiwa jina.

Wenye ukuta wao halisi wanakuja jioni kututazama. Wanatupa pole. Kijana wa warefu ametushauri tuongeze maji kwenye saruji. Wifi alimrushia mwiko. Ukampata.

Nilicheka, naye akacheka. Kisha tukakumbuka hatusemezani.

Leo Kidonge ameegemea dirisha la babu yake, ambaye alikuwa mfupi, mikono chini ya kidevu, ananitazama ninavyopaka. Ameuliza kama ataliona jina langu ukutani akianza shule. Nikamwambia jina hakuna, lakini lipu ile iliyovimba karibu na kona ni yangu. Amekwenda kuipapasa. Amesema ni nzuri kuliko zote.

Jumatatu, 10 Januari

Kidonge ameanza. Kwetu, siyo ng'ambo ya barabara. Tulimaliza ukuta jana jioni, wifi akiwa ameshika kibatari na mimi brashi ya chokaa.

Ameingia kwa ule mlango wa kona bila kugeuka nyuma. Nilitaka ageuke. Nimezunguka dirishani. Amekaa mbele kabisa, sare imemmeza, mikono juu ya dawati kama jaji. Aliponiona alikunja uso, akanifanyia ishara kwa vidole niondoke. Mwalimu wa darasa la kwanza naye akanifanyia ishara ile ile. Nimelia kidogo nyuma ya jengo, kilio cha raha.

Nimemwahidi Mungu hapo hapo: hila basi. Uongo basi. Ulimi huu nitaufungia kabatini.

Nilipokuwa naondoka amekuja mama mmoja mgeni, mwenye kamera. Mtaalamu amemweleza habari zetu, ametaka kuiona shule iliyopimwa kwa mikono. Nikamwonyesha. Akapiga picha mlango, madirisha, nguzo. Akauliza kwa heshima sana kama ni kweli familia yangu ndiyo iliyojenga ukuta wa mbele.

Alikuwa na kalamu.

Nikasema ndiyo, na siyo ukuta peke yake. Hata vyoo vya walimu tulivijenga sisi, shimo tulichimba wenyewe. Akaandika. Akaniomba nisimame pembeni ya ukuta anipige picha.

Mwalimu Mkuu alikuwa barazani anatusikiliza. Vyoo hivyo vimetitia upande mmoja tangu mvua za juzi. Amenifuata hadi njiani, ameniita mama mwema, ameniuliza kama kesho asubuhi nitakuwa na nafasi. Nimemwambia ninayo.

Nadhani wanataka kunipa cheti.