Ombi la Bwana Ibara Dhidi ya Mwenyekiti

Nimeona watu wakilia kwa kushindwa kesi. Lakini mtu aliyelia ili asishinde, huyo nimemwona mmoja tu: Bwana Ibara!

Ni muuza viatu vya mitumba sokoni kwetu. Jina hilo alilipata kwa sababu hata ukimwuliza bei ya kandambili, lazima akutajie kwanza ibara ya sheria.

Miaka miwili nyuma aligombea uenyekiti wa soko, akabwagwa na Mama Ndoo, muuza ndoo na mabeseni. Alibwagwa vibaya! Hata mkewe alikiri kwamba kalamu ilimteleza.

Basi akapeleka mahakamani ombi la kurasa arobaini: mwenyekiti aondolewe! Na jina la Mama Ndoo hakuliandika hata mara moja.

"Mzee wangu," aliniambia, "karatasi nzito kama hii haiwezi kumtaja mtu wa mabeseni. Nimeandika 'mwenyekiti wa soko, awaye yote'. Hiyo ndiyo lugha ya sheria!"

Mimi shule niliishia darasa la nne. Nikamwamini.

Ombi likalala huko. Mahakama ina majalada mengi kuliko viatu vya soko letu, na viatu tunavyo! Kipindi cha Mama Ndoo kikaisha, magoti yakamsumbua, hakugombea tena. Bwana Ibara akapita bila kupingwa. Akanunua kiti cha kuzunguka, akakiweka katikati ya viatu vyake, akawa anazunguka kama dunia.

Ndipo ikaja barua: ombi lake limefikiwa! Tukafunga vibanda, tukaenda soko zima.

Hakimu, mama mwenye miwani puani, akafungua jalada.

"Mwombaji, mwenyekiti unayemlalamikia bado ana kiti?"

"Mheshimiwa, yule alishatoka. Sasa ni mimi."

"Basi hapa hapana tena cha kuamua. Nalifunga."

"Hapana, mheshimiwa!" Bwana Ibara akaruka. Alikuwa na hotuba ya saa mbili, na koti la kuazima. "Sheria ifuate mkondo! Nipewe nilichoomba, neno kwa neno!"

"Neno kwa neno?" Hakimu akasoma polepole: "'Mwenyekiti wa soko, awaye yote, aondolewe leo hii, wala asigombee tena maisha yake yote.'"

Hapo sauti ya Mama Ndoo ikatoka nyuma:

"Mpe, mheshimiwa! Mtoto akililia wembe, mpe!"

Ukumbi ukalipuka. Bwana Ibara machozi yakamlenga, mikono ikakamatana yenyewe.

"Lifunge, mheshimiwa! Nakusihi, lifunge, hata kwa kufuli!"

Likafungwa. Akatoka kifua mbele, jasho likimchuruzika, akitutangazia kwamba ameshinda kwa njia za kitaalamu ambazo sisi hatuwezi kuzielewa.

Mama Ndoo hakutoka nasi. Nikarudi kumwita, nikamkuta ameegemea dirisha la karani, anatabasamu.

"Mwanangu," alikuwa akimwambia karani, "naomba nakala ya ombi lile. Nataka kulileta upya, na sioni hata neno la kubadilisha."