Kuhusu Nguruwe Aliyedaiwa Kununa

Ndugu Mhariri,

Natumai u mzima. Mimi ni Tak Bun-rye, mchemsha vichwa vya nguruwe hapa Soko la Majang, Seoul, huu mwaka wa thelathini na moja. Katika toleo lako lililopita, mwongozaji Pyo Gil-ho aliulizwa kwa nini filamu yake ya nne iliondolewa kwenye majumba ya sinema baada ya siku tisa. Akajibu: "Siku ya tambiko, kabla ya kuanza kupiga picha, kichwa tulichokiinamia kilikuwa kimenuna."

Kichwa hicho cha nguruwe nilikiuza mimi; kwetu anayeanza kazi mpya hukiinamia kichwa kinachotabasamu, ili kimletee bahati. Tangu hapo waongozaji wanapita kibandani kwangu wakitazama juu, kama wanaohesabu ndege. Nikikosa watu wa filamu, nafunga kibanda. Naomba umsahihishe, kwani:

1. Nguruwe alitabasamu.

2. Filamu yenyewe niliitazama. Mtu anachungulia dirishani dakika kumi na saba, kisha anafunga pazia. Kaiandika Pyo, kaiongoza Pyo. Jirani yangu muuza utumbo akaninong'oneza, "Dada, huyu anatoka lini?" Nikamwambia, "Nyamaza wewe, pengine anamsubiri nguruwe."

3. Filamu yake ya kwanza ilipata tuzo, na kichwa kilitoka sufuria hili hili. Jukwaani alimshukuru mama yake, mwalimu wake, hata mvua. Nguruwe hakutajwa.

4. Basi kama nguruwe ndiye anayeziharibu filamu, ndiye pia anayezitengeneza. Naomba jina lake litangulie la Pyo kwenye mabango, na mimi nitajwe kama mwandishi msaidizi. Ile tuzo iletwe kwangu; nimeshaipangusia nafasi kando ya mizani.

Wasalimie wapiga chapa, mkeo, na yule mpiga picha wenu aliyekula sikio bila kuuliza.

Wako, katika ukweli na mvuke,
Tak Bun-rye

Nyongeza: Tafadhali usiichapishe. Asubuhi hii Pyo amekuja mwenyewe, kofia mkononi. "Mama mdogo, naanza ya tano. Wanaoniamini wamebaki wawili, na mmoja ni wewe. Nichagulie anayecheka." Nikamuuliza inahusu nini. Akasema, "Mwanamke anayechemsha vichwa."

Nimemchagulia anayecheka hadi magego. Yule wa mwaka jana, wa filamu ya nne, kusema kweli, alikuwa na uso wa mtu aliyeitwa polisi. Mwenye tabasamu nilikuwa nimempa bwana mmoja aliyekuwa akifungua gereji. Nasikia inafanya vizuri sana.