Rozimari Tatu za Mama Watoto

Jumatatu, 3 Machi
Mama watoto ameondoka leo kwenda kumsaidia binti yetu aliyejifungua. Wiki mbili nzima! Ameniachia nyumba na miche mitatu ya rozimari kwenye vyungu nyuma ya jiko. Yeye ni msusi. Majani hayo ndiyo anayochemshia mafuta ya nywele, na wateja wameshaweka oda. Alisema hajawahi kunikabidhi kitu chake cha kazi, basi nisimwangushe. Nusura nilie. Nimetunza stoo ya vifaa miaka thelathini, na hakuna bosi aliyeniamini kwa sauti laini namna ile. Amesema nimwagilie udongo ukikauka tu. Nitafanya zaidi. Asubuhi ndoo, jioni ndoo.

Jumatano, 5 Machi
Jirani yetu, Fundi Bomba, ana kichaka cha rozimari kinachofika kiunoni. Sijawahi kumwona akikimwagilia. Fundi wa mabomba, akose maji? Ana siri huyu! Leo saa kumi na mbili asubuhi nimejibanza nyuma ya tangi kumpeleleza. Akatoka na kikombe cha chai. Akanywa. Kilichobaki akakimwaga kwenye kichaka. Nimekukamata, bwana! Mchana miche yetu imepata birika zima la chai, tena yenye sukari. Sisi si wachoyo.

Jumamosi, 8 Machi
Majani yanageuka manjano. Kiu hiyo. Nimeongeza ndoo ya mchana. Fundi Bomba amechungulia juu ya ukuta na kuniuliza kama nafuga samaki. Kisha akasema, kwa upole wa kinafiki, kwamba rozimari haitaki maji mengi, niiache ikauke. Kijicho tu! Hata hivyo nimemshukuru, maana nimelelewa vizuri. Mama watoto amepiga simu kuulizia miche. Nimemwambia inakunywa vizuri. Hapo sikudanganya.

Jumatatu, 10 Machi
Balaa! Nyuma ya jiko kumekuwa tope tupu. Nimeteleza. Ndoo huku, mimi kule, kifundo cha mguu kimevimba kama andazi. Nilipiga yowe moja tu, Fundi Bomba akaruka ukuta, na umri wake ule, akanibeba mgongoni hadi zahanati. Njia nzima hakunicheka. Nesi amenifunga bendeji na kusema nisikanyage chini mpaka Jumapili. Machozi yalinitoka, na si kwa sababu ya mguu. Nani atamwagilia? Fundi amesema niondoe shaka, atashughulika. Nimemwomba ndoo tatu kwa siku. Amejibu sawa, sawa, haraka mno.

Ijumaa, 14 Machi
Kila siku Fundi ananiletea supu, ananibadilishia bendeji, anakaa kunisimulia vituko vya mabomba ya watu. Sijui nimemfanyia wema gani mtu huyu. Lakini kitandani hapa naona dirishani kila kitu. Amemwaga maji yaliyotuama kwenye visahani. Amechanganya mchanga kwenye udongo. Amevisogeza vyungu juani. Na maji hajatia hata tone! Ndoo imefunikwa kifudifudi siku ya tano leo. Nimekosa mdomo wa kumgombeza mtu aliyenibeba mgongoni. Nimemwomba Mungu mvua. Jua limezidi kuwaka.

Jumapili, 16 Machi
Mama watoto amerudi. Mkoba hajautua, kapitiliza nyuma ya jiko. Nimejifunika shuka mpaka kichwani. Halafu nikasikia anacheka! Mche mmoja umekufa, lakini miwili imetoa machipukizi mabichi kabisa. Oda zitatoka, pole pole. Amekuja kuketi kitandani, akanishika mkono, akasema kwa jinsi anavyonijua alitarajia kukuta vyungu vitupu. Nimeungama habari ya chai. Amecheka hadi akafuta machozi kwa kanga, kisha akanionyesha picha ya mjukuu. Ana masikio yangu! Nina mke, nina jirani, nina mjukuu. Asante Mungu, sina la kuongeza.

Jumatatu, 17 Machi
Nimelitafakari jambo hili tangu alfajiri. Miche ilikaa karibu wiki nzima bila tone, na bado ikachipua. Nguvu ilitoka wapi? Akiba! Ilikuwa inakula yale maji niliyoishibisha mimi mapema. Bila ndoo zangu ingekufa yote mitatu. Fundi hajui hili, maskini, na moyo wote ule. Amesafiri leo kwenda harusini kwa mpwa wake, anarudi keshokutwa. Nimewaza nitamlipaje mtu wa namna ile. Basi nimechechemea hadi ukutani, nikapitisha mpira wa maji upande wa pili, nikauelekeza kwenye shina la kichaka chake na kufungulia bomba lote. Sitalifunga mpaka arudi Jumatano.