Naomba Kimya Changu Kikatwe Kwenye Filamu

Kisumu,
Machi 1992

Kwako Bwana Ephantus, mwenye kamera,

Natumaini u mzima. Mimi si mzima sana, na sababu ni wewe.

Mimi ni yule karani mwenye tai ya kahawia uliyemsimamisha ufuoni Dunga ukamwuliza, "Jambo la maana maishani ni nini?" Sikujibu. Jumamosi ulionyesha filamu yako fupi ya majaribio mbele ya mji mzima, na kimya changu umekiweka mwisho, kirefu kuliko maneno ya wenzangu wote. Kwa heshima, nalalamika hivi:

1. Nilikuwa napanga jibu. Mtu aliyesoma hajibu swali kama hilo bila utangulizi. Mama Dorca, muuza dagaa, aliropoka tu, "Omena ikauke kabla ya mvua," akapigiwa makofi. Mimi nilipigiwa kelele: "Karani, jibu! Ama unangoja ruhusa kutoka Nairobi?"

2. Mkubwa wangu, Bwana Zacchaeus, alikuwepo. Jumatatu akaniita: "Kijana, umeulizwa jambo la maana, na hata ofisi hukuitaja?" Mimi pia niko kwenye majaribio. Mwezi ujao ataamua kama nitathibitishwa kazini au nitarudi kwetu Sondu kulima. Sasa naisifu ofisi kila anapopita, hata nikiwa peke yangu.

3. Mama yangu amesikia. Anauliza kama neno "mama" lilikuwa gumu kutamka.

4. Naibu chifu naye anataka kujua kimya kile ni cha chama gani.

Kwa hiyo naomba ukikate. Ikishindikana, wakusanye watazamaji walewale, wakae palepale, niwasomee jibu langu. Lina ofisi, mama, Mungu, serikali na omena. Nimeshindwa tu kuamua nani atangulie.

Wasalimie wote huko Maseno, hata yule mshika kipaza sauti aliyenicheka.

Wako kwa hofu na heshima,
Walter Obiero

N.B. Kabla sijafunga bahasha amekuja Awuor, yule msichana aliyekuwa akipara samaki nyuma ya kamera yako. Ameniuliza nilikuwa namtazama nani muda wote ule. Nimemwambia ukweli. Akasema, "Basi si ulijibu!"

Tafadhali usikate hata kidogo. Jumamosi ijayo ukiionyesha tena, anamleta baba yake aitazame. Bwana Zacchaeus akikuuliza, mwambie ofisi iko upande uleule niliokuwa nikitazama.