Chura Aliyepewa Jina la Kivuti

Jumatatu, 7 Machi 2011

Nimeficha jambo miaka thelathini na miwili. Yule chura mdogo wa milimani anayeitwa kwa jina la Kivuti si wa Kivuti. Nilibadilisha vikaratasi vya majina kwenye chupa. Mimi, Salesio, mwalimu wa biolojia, mzee wa kanisa!

Mwaka 1979 mtafiti mgeni alituomba, mimi na mwalimu mwenzangu Kivuti, tumletee vyura wa mito yetu. Kivuti akaleta kutoka kwao Embu chura mnono, mwenye mistari. Wangu, wa mto wa hapa Kanyakine, alitoshana na punje ya maharagwe. Wivu ukanikaba. Kivuti alipoenda kunywa chai, nikahamisha vikaratasi. Mnono akawa wangu.

Kumbe wanono walijulikana tangu ukoloni! Yule punje ndiye aliyekuwa spishi mpya. Tangu hapo, hata matangani Kivuti hutambulishwa kwa chura wake. Picha ya chura huyo iko sebuleni kwake, kubwa kuliko ya harusi.

Leo daktari amesema moyo umechoka. Sawa. Lakini Kiende, mtafiti wa chuo kikuu, naye amepiga simu. Anapanga upya jenasi nzima, yaani ukoo mzima, wa vyura hawa, na amepekua mito ya Embu misimu mitatu bila kumwona wa Kivuti. Moyo uliochoka ukaruka! Nitaungama. Jina libadilishwe kabla sijafa.

Jumatano, 9 Machi

Kiende amekuja. Nimeungama nikikohoa, ili anihurumie. Kisha nikamtajia jina langu polepole, herufi kwa herufi. Akasema pole mzee, jina la spishi likishachapishwa halitoki, hata kama lilitolewa kwa makosa. Kitakachosahihishwa ni mto tu.

Nimejiaibisha bure!

Tena kuna baya zaidi. Vidole na vinasaba vya yule chura wa chupani vinaonyesha aliwekwa katika jenasi isiyo yake. Atapewa jenasi mpya, na jina la Kivuti litahama naye. Nikauliza, jina la hiyo jenasi je, lina mwenyewe? Akacheka. Bado. Angependa kumkumbuka aliyemshika chura wa kwanza, kwa hiyo nimweleze alivyoshikwa. Nikasema nimechoka, apige simu Jumamosi.

Jenasi, jina linalotangulia la spishi! Kivuti atakuwa mpangaji katika nyumba yangu milele.

Ijumaa, 11 Machi

Kivuti amefika na mkungu wa ndizi. Kiende alikuwa amemweleza yote. Nilitarajia fimbo. Akaniuliza, Salesio, kwani ulidhani mtu anaweza kumsahau chura wake mwenyewe? Alijua tangu siku ile! Alinyamaza kwa sababu jina lilikuwa tamu. Akaniita mfadhili wake, akacheka mpaka kofia ikaanguka.

Kisha akamgeukia mke wangu, Karwirwa. Akamwuliza, mama Kinoti, huyu aliyekuwa akipanda juu ya meza wanafunzi wakileta vyura darasani, wa kwake alimshika vipi?

Karwirwa akasema uji unachemka, akaenda jikoni. Hakukuwa na uji jikoni.

Jumamosi, 12 Machi

Kiende amepiga. Nimemweleza: mvua, maji kiunoni, mikono mitupu, subira ya mwindaji. Akasema habari ni nzuri mno, jenasi itaitwa kwa jina langu. Nikamwomba nakala mbili za makala, moja aipeleke mwenyewe kwa Kivuti. Aigonge meza anapoiweka.

Siku hizi nachoka kushika simu, kwa hiyo Karwirwa ndiye aliyenishikia simu sikioni muda wote. Tulipomaliza akanifuta mdomo, akauliza kama nitakula.

Basi niandike hapa, ambapo hapana asomaye. Chura yule alishikwa na Karwirwa, kwa kata, akiteka maji mtoni, akiwa na mimba ya miezi minane.