Nimefukiza Mtungi wa Plastiki

Leo nimeaibika, na aibu yenyewe bado inanuka humu jikoni.

Mnajua mama mkwe wangu anakaa Sericho. Tangu niolewe na Guyo alikuwa hajawahi kuja kwetu. Asubuhi ameshuka kwenye lori la mifugo hapa Isiolo, vumbi toka kichwa hadi miguu, na maziwa ya ngamia mkononi. Salaam aleikum, aleikum salaam, nikamkaribisha, akaketi sebuleni.

Sasa, Guyo (Mungu amsamehe, mimi bado) alikuwa amemwambia mama yake kwamba kwa kufukiza chombo cha maziwa hakuna kama mimi. Mimi nimezaliwa mjini! Baba alikuwa askari, maziwa tulinunua ya chupa. Kufukiza nilikuona kwa nyanya tu: anatia kijinga cha moto ndani ya kibuyu, anafunika, anatikisa, na maziwa yanapata harufu nzuri.

Mama mkwe akaniambia niyamimine maziwa yake katika chombo changu. Chombo gani? Kile cha kusukwa nilichopewa siku ya harusi kiko ukutani, ni pambo. Ndani naweka vifungo vya nguo. Nikachukua mtungi mpya wa plastiki, wa njano, kutoka duka lile ninamouza. Watu bado wanaigonga hiyo mitungi kwa kidole kabla ya kununua, na kila siku nawaambia: hauvunjiki, hauozi, ila usiuweke karibu na moto.

Kutoka sebuleni Mama akauliza, "Umekifukiza?"

"Ndiyo nafukiza, Mama." (Ulimi huu.)

Nikajiambia, moshi kidogo una ubaya gani? Nikatoa kaa dogo kwenye jiko, nikalitumbukiza, nikafunga kifuniko, nikatikisa kama nyanya. Moshi ukatoka. Nikafurahi kweli. Halafu mtungi ukalegea mkononi kama chapati, kitako kikatoboka, kaa likaangukia gauni langu la nailoni. Gauni nalo likajikunja, likaacha tundu la kupitisha ngumi. Nikaruka, nikamwaga maji, nikaukanyaga mtungi, ukanata kwenye ndala.

Jirani yangu Mama Kendi akauliza kupitia ua ni nani anachoma matairi.

Ndipo Mama akafika mlangoni. Akaniona nilivyo, goti nje, mguu mmoja ndani ya plastiki. Akanusa polepole. Wamama wa kwao humtambua mtu kwa mti anaofukizia.

"Mwanangu," akasema, "huu ni mti gani?"

"Ni wa dukani, Mama."

Akakaa kwenye kigoda, akajifunika uso kwa shuka. Nikajua nimemliza mama ya watu siku ya kwanza kuja kwangu. Nikaanza kuomba msamaha. Kumbe alikuwa anacheka, mpaka kigoda kinalia.

Alipopata pumzi akaniambia kilichomleta. Huko Sericho maji yako mbali na vyombo vya mti ni vizito mgongoni, basi alitaka nimtafutie mtungi wa plastiki. Safari nzima alikuwa anaona haya, atamwombaje kitu kama hicho mkaza mwana anayeshika mila namna ile?

Kesho namchukulia mmoja wa bluu. Wa njano, anasema, huiva upesi.

Nimewaambia kwa sababu Mama Kendi angewaambia vibaya zaidi. Anayetaka kucheka aende akachekee kwake.