Milimita Nne za Taa ya Kushoto

Jumatatu, 6 Oktoba

Nimenunua taa. Jozi moja ya LED, zile nyembamba za kuwaka mchana. Kwenye boksi wameandika urefu milimita 180. Nimepima mwenyewe: 170. Wizi unaanzia kwenye boksi.

Sababu naiandika hapa, nisije kuambiwa baadaye kwamba ni wivu. Binti yangu ameajiriwa! Maabara ya kiwanda cha maziwa, kilomita 140 kutoka hapa. Jumamosi anatakiwa aripoti kabla ya saa nne asubuhi achukue ufunguo wa chumba. Akichelewa, chumba anapewa mwingine. Ameomba nimpeleke mimi. Mama yake alipotaka kupanda naye, akamwambia hapana mama, safari hii niachie baba. Sisi wawili tu. Mwendo wa saa mbili na dakika ishirini. Nimekata vioo miaka ishirini na sita na sijawahi kuombwa kazi nzuri kama hiyo.

Sasa jana akapita shemeji. Mdogo wake mke wangu, msimamizi wa ghala. Nyumbani tunamwita Mkurugenzi, kwa jinsi anavyozungusha funguo kidoleni. Gari lake jipya likiwashwa tu linafumbua macho lenyewe, mchana kweupe. Akalizunguka langu, lenye miaka ishirini na minne na ambalo halijawahi kunilaza njiani, akasema shem, si bora mtoto nimpeleke mimi? Hili likikutana na lori, dereva atadhani limeegeshwa.

Mke wangu alicheka. Binti hakucheka, lakini pia hakunitetea.

Siku tano zinatosha. Gari litafumbua macho.

Jumanne, 7 Oktoba

Maelekezo ni picha tupu. Nyaya tatu: mwekundu, mweusi, wa njano. Na kijisanduku cheusi chenye miguu minne.

Nikapita kwa fundi umeme wa magari pale kona, kama mtu anayesalimia tu. Akasema ule mwekundu usiupeleke kwenye betri moja kwa moja, mzee. Utafute waya unaopata moto ufunguo ukizungushwa. Kijisanduku kikae katikati. Wa njano ni wa kuzipumzisha ukiwasha taa kubwa. Lete gari, dakika arobaini. Nikamuuliza dakika arobaini za nini. Akasema za kutafuta waya, maana gari lako limeshachokonolewa na mafundi sita kabla yangu. Hata boneti hakufungua! Amejuaje sita? (Walikuwa watano.)

Nimejitegemea tangu nina miaka kumi na saba. Duka la vioo nimeliinua kwa mikono hii, hakuna aliyenishika mkono. Umeme wa gari una waya wa kwenda na waya wa kurudi. Basi. Wa njano nimeukata. Kijisanduku nimekitupa kwenye droo ya misumari.

Hesabu: kila taa wati 12, mbili wati 24. Gari volti 12. Hiyo ni ampea mbili. Betri ampea-saa 45. Hata zikisahauliwa zinawaka, nina saa ishirini na mbili na nusu. Nani mwenye akili timamu anasahau taa saa ishirini na mbili na nusu?

Binti alinifuata uani na kikombe cha chai. Akaanza, baba, kuna jambo nilitaka. Nikamwambia kwanza shika ncha ya futi. Akashika. Tukapima bampa yote, kushoto na kulia. Chai ikapoa juu ya boneti.

Jumatano, 8 Oktoba

Kutoboa. Tundu la kwanza safi kabisa. La pili pia. La tatu limepita bampa likaingia kwenye chupa ya maji ya kuoshea kioo. Maji yote miguuni. Si neno, kioo nakijua kukifuta. Ndiyo kazi yangu.

Saa tisa zimewaka! Nyeupe, kali, kama meno ya mtu aliyetoka kung'arishwa. Niliita nyumba nzima. Binti akapiga makofi. Mke wangu akauliza kama hilo ni gari au bundi aliyeona panya. Nilimsamehe.

Kisha nikazima gari. Zikaendelea kuwaka. Nikachomoa ufunguo. Zinawaka. Nikafunga mlango. Zinawaka. Tukasimama pale sote watatu, tunatazamana na gari.

Dawa nimeipata bila kumwita mtu: mwisho wa waya nimeweka kibanio. Nikifika, nafungua boneti, nachomoa kibanio kwenye betri, nafunga. Nimejipima: sekunde 14. Mke wangu akataka kujua, kwa hiyo tukienda sokoni, kila tukisimama utakuwa unafungua boneti kama gari limechemsha? Nikamjibu ndiyo, na ni mazoezi ya mgongo.

Alhamisi, 9 Oktoba

Nimezunguka mtaa mzima saa sita mchana. Watu wanne wamenisalimia kwa mkono, hata nisiowajua. Walikuwa wakikunja na kukunjua vidole, staili mpya naona. Nikawarudishia vilevile. Wa tano, muuza mkaa, akapiga kelele: mzee, umesahau taa!

Binti alitaka kupanda tuzunguke wote. Nikakataa. Nimeshaosha mazulia, na nataka aingie mara ya kwanza Jumamosi, kama mgeni rasmi. Akasema haya baba. Akabaki amesimama getini mpaka nilipokata kona. Nilimwona kwenye kioo.

Ijumaa, 10 Oktoba

Mkurugenzi! Saa tano kamili. Hakusema taa nzuri, hakusema taa mbaya. Akachuchumaa mbele ya gari, akafumba jicho moja, akasema shem, hii ya kushoto mbona inasinzia?

Mimi ndiye wa kuambiwa kitu kimekaa upande! Mimi, ambaye nikikata kioo hakirudishwi! Nikaleta futi. Milimita nne. Kushoto iko chini kwa milimita nne. Nikasema ni ardhi ya uani. Akasema hata mimi nadhani ni ardhi. Akaondoka akizungusha funguo.

Nikang'oa bampa.

Binti akaja, akakaa juu ya ndoo iliyogeuzwa. Akasema baba, ukimaliza tukae kidogo basi. Nilikuwa na skrubu mbili mdomoni. Nikazitoa, nikamwambia mwanangu, kesho una saa mbili na dakika ishirini zote ni zako, hakuna wa kutuingilia, leo niache niinue hii taa. Akacheka. Akasema sawa, kesho basi, usije ukasinzia. Hapana, nikamwambia, anayesinzia ni taa ya kushoto.

Saa nane nimemaliza. Pimamaji: povu katikati kabisa. Nikachomeka kibanio, nikaziwasha kuhakikisha. Sawasawa. Nikaosha gari, nikalipaka nta, na kwa kuwa ndege wa mwembe wa jirani hawana adabu, nikalifunika turubai zito, kamba nane, mpaka chini kwenye magurudumu. Hata mwanga haupenyi.

Nimeoga. Nimeridhika. Kesho ni siku yangu.

Jumamosi, 11 Oktoba

Turubai nimelifunua saa kumi na mbili na dakika kumi. Kamba nane, moja moja. Chini yake taa zangu mbili zilikuwa zinakoroma. Mwanga kama wa kijiti cha kiberiti kinachokufa.

Nikazungusha ufunguo. Tik.

Zimewaka saa kumi na sita na dakika kumi. Hesabu yangu ilisema zipo nyingine sita na ushee. Hesabu ilikuwa ya betri mpya. Yangu ina miaka sita. Umri sikuuingiza. Mimi!

Gari la gia za kujiendesha halisukumwi likawaka. Nalijua hilo. Nililisukuma hata hivyo, mpaka getini.

Hapo getini akatokea Mkurugenzi, amekuja kumuaga mpwa wake. Macho ya gari lake yamefumbuka yote mawili. Nyaya za kubusti anazo, kwenye mfuko wake maalumu wenye zipu. Akazitoa kabla sijamwomba. Nikamwambia asihangaike. Nikasugua vichwa vya betri kwa msasa, dakika kumi na mbili. Tik. Nikasema haya, lete. Akataka kubana mwenyewe. Nikamwambia hili ni gari langu. Nikabana mwekundu kwenye kichwa cheusi.

Cheche. Harufu. Fyuzi kuu kwaheri. Taa ya kushoto kwaheri. Lake halikupata hata mkwaruzo.

Ikawa saa moja na dakika kumi. Mabegi yakahamishwa: mawili, ndoo, na godoro lililoviringishwa. Sasa haya yanayofuata nayaandika taratibu, kwa sababu ndiyo yanayoniuma. Kiti cha nyuma kilikuwa na nafasi. Mke wangu akasema, achana na hicho chuma, mume wangu, panda. Binti akasema panda, baba. Hata Mkurugenzi, namchukia kwa hili, aliisogeza ndoo, akasema shem panda, mimi nitaendesha kimya, wala sitafungua mdomo.

Nikasema tangulieni, nitawapita njiani.

Binti aliniangalia. Akaingia. Wakaondoka.

Fundi wa kona anafungua saa mbili. Niliweka robo saa ya fyuzi, niondoke saa mbili na robo. Wao wanakwenda kilomita 60 kwa saa. Mimi 110 (halijawahi, lakini leo lingeweza). Nimeirudia hesabu mara tatu hapa mezani. Ningewapata kilomita ya 143.

Safari nzima ni 140.

Na fundi akasema fyuzi hiyo hana, mpaka Jumatatu.

Jumapili, 12 Oktoba

Mkurugenzi kaja kutoa ripoti. Wamefika saa tatu na dakika thelathini na tano. Ufunguo kapata. Chumba ghorofa ya pili, kizuri, ila kioo cha dirisha kimepasuka pembeni. Nikauliza kioo cha ngapi kwa ngapi. Hakupima. Kioo kimepasuka kwenye chumba cha mwanangu na hakuna aliyepima!

Kisha akanyanyuka, akanipa mkono, akasema hongera shem, ni kijana mzuri inaonekana.

Kijana gani?

Akamtazama dada yake. Dada yake akatazama sufuria.

Basi ndiyo hivyo. Yuko kijana. Fundi wa mizani, walikutana chuoni, na watu wake wanataka kuja kubisha hodi. Mke wangu anajua mwezi mzima, aliombwa asiseme, binti alitaka kuniambia mwenyewe. Mkurugenzi ameambiwa kilomita ya 60, na hapo, anasema, mtoto alilia kidogo akalazimika kuegesha. Yeye! Kaegesha, kampa kitambaa. Nilichokuwa nikifanya mimi saa hiyohiyo nakijua: nilikuwa nimekaa kwenye kizingiti cha duka la fundi, nina fyuzi iliyoungua mfukoni.

Nikampigia binti. Hakunilaumu, na afadhali angenilaumu. Akasema nilikuwa nikuambie njiani, baba. Pale nyumbani kila nikikufuata unanishikisha futi. Akacheka aliposema hivyo. Mimi sikuweza.

Akaniomba kitu kimoja. Jumapili ijayo, tarehe 19, niende. Kijana atakuwepo, anataka nimjue kabla watu wake hawajafunga safari. Akasema njoo na basi, baba, usihangaike na gari, njoo wewe tu. Nikamwambia nitakuja.

Leo sijagusa kitu chochote uani. Nimekaa kwenye kiti cha abiria cha lile gari, mazulia safi. Dakika arobaini hivi. Sikupima.

Jumanne, 14 Oktoba

Fyuzi imewekwa jana, gari linawaka. Fundi akarudia maneno yake, kwamba taa anaweza kuzifunga sawasawa, dakika arobaini zilezile. Nikamshukuru.

Nimekaa chini nikatafakari kosa liko wapi. Sitaki kujidanganya, mtu lazima ajikague. Kosa ni betri. Betri moja haiwezi kulisha gari na taa. Jibu liko wazi: betri ya pili, ya taa peke yake, chini ya kiti cha nyuma. Nitatoboa sakafu tundu moja tu la kupitisha waya. Ampea-saa 45, na safari hii umri nimeuingiza, nikatoa na asilimia ishirini ya tahadhari. Hata turubai halitaniweza.

Shida ni taa ya kushoto. Mpya itafika Ijumaa jioni. Kutoboa, kufunga, kupima kwa pimamaji: haitakamilika kabla ya Jumanne. Na siwezi kwenda kuonana na mkwe mtarajiwa nimeshuka kwenye basi kama mtu asiye na gari. Wala siwezi kwenda na gari lenye jicho moja. Huyo ni fundi wa mizani, ataona.

Nimempigia binti nikamweleza vizuri, kwa tarakimu. Tarehe 19 haiwezekani, tarehe 26 inawezekana kabisa. Tofauti ni siku saba tu.

Akanyamaza. Nilikuwa naangalia saa: sekunde kumi na moja. Halafu akasema haya, baba.

Mtandao wa kule ni mbovu sana. Nitamshauri abadilishe laini.